B ya Roswitha Kühnel

Kwa miaka ishirini na sita Roswitha Kühnel alitunza nota za orkesta yetu hapa Potsdam, tunakorekodi muziki wa filamu na televisheni. Kila karatasi ilipita mikononi mwake kabla haijatufikia, na hakuna aliyepata kuona kosa lake. Alilijua hilo, akajivunia kupita kiasi.

Jumatatu ile mtunzi alipiga simu kutoka London: katika muziki wa tamthilia ya wapelelezi, nota ndefu ya tarumbeta ibadilishwe iwe B. Roswitha akaichora kwenye karatasi ya mpiga tarumbeta, Ansgar Thieme. Kwenye nakala ya mwongozaji wa orkesta, Bwana Pettifer, Mwingereza, akaandika herufi tu: B.

Ansgar alikuwa anamaliza mwaka wake wa majaribio. Alhamisi tungepiga kura, abaki au aondoke.

Taa nyekundu ya kurekodi ikawaka. Nota ile ikakwaruza masikio.

“Tarumbeta, uko chini,” Pettifer akasema. “Nataka B.”

“Ndiyo ninayopiga, bwana. B.”

“Basi ipige.”

“Nimeipiga mara tatu.”

“Masikio kayasahau nyumbani,” mpiga tromboni akanong'ona nyuma yangu, na watu wakacheka. Mimi, mpiga fidla, nilikuwa nimekwisha kuamua kura yangu: hapana.

Mara ya nne, Roswitha akaingia mlangoni akapita katikati ya ukumbi, taa bado inawaka. Huyu ndiye aliyewahi kumtoa mtu nje kwa kukohoa.

“Kosa ni langu,” akasema. “B ya Waingereza sisi Wajerumani tunaiita H. B yetu iko nusu hatua chini yake, nami nimechora yetu. Ansgar amepiga nilichomwandikia.”

“Ungesubiri mapumziko, Bi Kühnel.”

“Mpaka mapumziko hawa wangekuwa wamekwisha kumhukumu.”

Akatoa raba mfukoni, akafuta, akachora upya.

“Kumbe nawe hukosea, Bi Kühnel,” Ansgar akamwambia.

“Usinizoee. Piga H.”

Akaipiga, ikakaa mahali pake.

Alhamisi Ansgar alipita. Kura yangu ilikuwa ndiyo, ila sioni cha kujisifia. Roswitha alikosea herufi, akasimama mbele ya watu sabini akasema. Sisi tulimkosea mtu, na hakuna hata mmoja wetu aliyeinuka kitini.