Nilivyolipiga Plasta Jina la Injinia

Mgombea wetu aliteremka jukwaani katikati ya hotuba, akaenda kupiga magoti mtaroni mbele ya watu wote wa Wingwi.

Msicheke. Mimi ndiye niliyesababisha.

Naitwa Jaribu. Injinia Ridha kamuoa dada yangu Asya. Alipoacha kujenga barabara akagombea uwakilishi, nikawa dereva wake, mpambe wake na mpiga picha wake. Vyeo vitatu, mshahara hakuna.

Shemeji ni mtu mzuri, ila siasa hazijui. Watu wakimwomba kisima, yeye anauliza kina. Wakimpigia makofi, anatazama kama jukwaa limesimama sawa.

Sasa, barabara ya Wingwi ina kalavati, lile bomba kubwa la kupitishia maji chini ya barabara. Masika yakija, maji hayapiti humo. Yanapita juu, na barabara inakatika. Mwaka juzi mjukuu wa Bi Mwatum alizaliwa juu ya gari la ng'ombe, maana gari la wagonjwa lilikwama ng'ambo.

Na ubavuni mwa kalavati hilo, kwenye saruji, kumeandikwa kwa msumari: INJ. RIDHA 2009.

Ndiyo ilikuwa kazi yake ya kwanza. Ujana, jamani.

Mkutano wa kufunga kampeni ukapangwa pale pale penye kalavati. Nikaona tumekwisha. Washindani wakilipiga picha lile jina, uwakilishi tutausikia redioni.

Asubuhi nikatangulia na saruji kidogo kwenye mfuko. Nikaazima ndoo kwa Bi Mwatum, nyumba ya jirani.

"Ya nini, mwanangu?"

"Naosha gari, Bi."

"Haya. Ukimaliza n'rejeshee."

Nikakoroga, nikalipaka jina kwa mkono mpaka likapotea. Nikajiona bingwa.

Alasiri watu wakajaa. Shemeji akaanza vizuri, mara akanyamaza. Macho yake yako mtaroni.

"Nani kapiga plasta pale?" akauliza kwenye kipaza sauti. "Mchanganyo gani ule?"

Nikamvuta shati. "Shemeji, endelea na sera."

Wapi. Keshashuka. Akaigonga plasta yangu kwa ufunguo, ikaporomoka yote. Jina lake hilo, mbele ya macho yake.

 Akapiga magoti, akachungulia ndani ya bomba, akaitazama migomba kule kando, kisha akarudi jukwaani uso umemshuka.

"Kalavati hili nimelijenga mie," akasema. "Na nimeliweka pasipo pahala pake. Bi Mwatum alinambia siku zile zile za ujenzi, maji yapita kule kwenye migomba. Nikamjibu, Bi, mimi nina ramani. Nakuombeni radhi, na Bi Mwatum zaidi. Kura zenu fanyeni mpendavyo."

Nilitaka kulia. Miezi ya kampeni, vumbi lote lile, na mtu anajiangusha mwenyewe.

Bi Mwatum akasimama.

"Ridha, kwani siye hatujui kusoma? Wajukuu zangu herufi wamejifunzia kwenye jina lako hilo. Mara ya tatu hii waja kutuhutubia, nasi twangoja tu useme. Leo umesema."

Kisha akanigeukia.

"Na weye Jaribu, ndoo yangu imeganda saruji. Gari gani laoshwa kwa saruji?"

Watu walicheka mpaka wengine wakakaa chini. Mimi nikajifanya napiga picha.

Shemeji alishinda, kwa tofauti ya kura mia na kitu. Kalavati jipya liko kwenye migomba, pale alipochomeka kijiti Bi Mwatum mwenyewe. Saruji ilipokuwa mbichi, shemeji akampa Bi msumari aandike jina lake yeye Bi.

Bi akakataa. "Tungoje mvua kwanza. Likipitisha maji, ndo n'taandika."

"Itakuwa imeshakauka, Bi."

"Basi na likae hivyo hivyo."

Masika haya gari zote zimepita, na kalavati halina jina.

Nilichojifunza ni hiki: watu waliolibeba kosa lako miaka yote hiyo hawahitaji kuambiwa kwamba lipo. Wanangoja ulitaje wewe. Na ndoo ya mwenzio, irejeshe safi.