Pombe ya Odini

Dama ni Mgiriama, tunafanya naye kazi ya kuhudumia wazee majumbani mwao hapa Croydon. Kila Alhamisi humwendea Mzee Graham, Mwingereza aliyeacha kanisa akarudi, kwa maneno yake, kwa miungu ya mababu zake wa kaskazini: Odini mwenye jicho moja na Thor mwenye nyundo. Nyundo hiyo ameivaa shingoni, ya fedha. Meneja ametuagiza tuiheshimu dini yake, na sisi tunaiheshimu.

Wiki iliyopita miguu ya mzee iligoma, akampa Dama kikombe cha pombe ya asali akaimwage chini ya mti bustanini. Dama hakuuliza inamwagwaje. Alichutama, akamimina kidogo kidogo huku akiwataja waliotangulia, kama babu yake alivyowamwagia koma, mizimu ya wazee wao, pombe ya mnazi kule kwao. Kwa sababu ya mnazi huo babu alizikwa bila kuombewa. Mchungaji, Mwingereza naye, alikataa kukanyaga pale kaburini. Dama mwenyewe hakubatizwa mpaka alipokubali kuitwa Jennifer.

Mzee alikuwa anamtazama kutoka dirishani.

“Nani amekufundisha?” akamuuliza aliporudi ndani.

“Babu yangu. Na sisi huwamwagia wazee wetu.”

Uso wa mzee ukakunjamana. Akaishika nyundo yake.

“Tafadhali, Jennifer, usiniletee uchawi kwenye ibada yangu.”

Dama akaenda kukiosha kikombe. Neno lilikuwa lilelile la mchungaji, hata lafudhi ni ileile.