Mkono Kwenye Picha ya Ozella

Mke wangu Luvenia alifua nguo za watu tangu nilipomwoa hadi magoti yalipomgomea. Alikuwa na mkono mwepesi. Shati la hakimu, shuka ya mgonjwa, kitambaa cha meza ya kanisa, vyote vilitoka kwake salama. Ndiyo sababu maji ya mafuriko yalipoondoka mjini, mwaka ule wa ishirini na saba, watu wa Greenville walimletea picha zao.

Walirudi majumbani wakakuta tope limefika madirishani. Kitanda utatengeneza kingine. Picha ya mama yako aliyekufa utaipata wapi? Wakazileta uani kwetu zimegandana, ndani ya ndoo, ndani ya aproni. Luvenia alizilaza kwenye beseni la maji baridi, uso juu. Sabuni hapana. Kusugua hapana. Alitikisa maji taratibu mpaka tope likajiondokea lenyewe, kisha akazibana kwenye kamba ya nguo. Watu walipita wakiifuata kamba, wanatafuta ndugu zao.

"Luvenia! Mjomba wangu umemwosha mpaka amekuwa mzungu!" jirani mmoja alipiga kelele, maana picha ilikuwa imefifia.

"Acha hivyo hivyo," Luvenia akamjibu. "Kwa ulevi ule, heri asijulikane."

Uani wote wakacheka, naye akacheka. Nalisema hili kwa sababu hatukuwa na muda mrefu tangu tumzike mtoto wetu.

Ozella alizaliwa baridi ikielekea kwisha. Mto Mississippi ulipokata tuta la kuzuia maji, sisi weusi tuliwekwa juu ya lile tuta lililobaki, kwenye mahema. Wanaume tulishikwa tupakue maboti ya chakula, na aliyekataa hakula. Homa ilimchukua Ozella pale pale. Mimi nilikuwa na gunia begani. Nilipofika alikuwa ameshafunikwa. Picha yake hatukuwa nayo. Nani angempiga mtoto picha kwenye tope?

Basi jioni moja, picha zikiwa bado zinaletwa, akaja mwanamke na picha moja tu. Mtoto wa kike amekaa kwenye kiti cha studio, gauni jeupe, nyuma yake pazia lililochorwa meli ya mtoni. Ubavuni mwa picha unatokea mkono wa mtu mzima, umemshika mtoto mgongoni asianguke. Mwenye mkono mwenyewe haonekani.

"Iangalie vizuri, dada," akamwambia Luvenia. "Nitaifuata Jumamosi."

Jumamosi hakuja. Luvenia aliitundika mwisho wa kamba, karibu na barabara, ili mwenyewe akipita aione. Aliitundika kila siku ya kufua mpaka pamba ikachumwa. Wengi hawakurudi. Walikuwa wamepanda treni kwenda Chicago, au walikuwa wamekufa. Picha zao akaziweka kwenye kopo la biskuti. Ile ya mtoto hakuiweka kwenye kopo. Alinunua fremu. Akakata kadibodi, akaipanga kuzunguka picha, na ule mkono ukafunikwa.

"Kufikia Krismasi angekuwa hivi," akasema.

Hakusema ni Ozella. Wala mimi sikumuuliza. Mtoto mwingine hatukupata. Picha ikakaa ukutani juu ya meza ya kulia, na kila mgeni aliyesema "mtoto mzuri huyo," Luvenia alijibu "asante." Hilo tu. Asante si uongo. Uongo niliuleta mimi.

Mwaka juzi alikuja Janelle Sykes. Ni binti wa kanisani kwetu, anafanya kazi maktaba. Alitaka kutengeneza kitabu cha mji wetu, cha picha za zamani. Vitabu vya namna hiyo vilikuwepo. Ndani yake kuna meli zimejipanga gatini, marobota ya pamba, mabwana wenye masharubu na majina yao kamili chini. Na sisi tumo. Tumeinama, tumebeba, tunaonekana migongo. Mgongo hauandikwi jina.

"Mimi nataka nyuso, Mzee Tubbs," Janelle alisema. "Nyuso, na majina."

Luvenia alikuwa kitandani wakati huo, miguu imevimba, moyo umechoka. Tulimhamishia sebuleni ili aone watu. Janelle akafungua kopo la biskuti, akaweka kamera yake kwenye miguu mitatu, akapiga picha moja moja. Kila moja Luvenia alisema: "Huyu simjui. Huyu simjui. Huyu aliletwa na watu wa mtaa wa Nelson, simjui." Kwa zote alisema kweli.

Kisha Janelle akainua macho ukutani. "Na huyu?"

Luvenia aligeuza kichwa juu ya mto, akanitazama mimi. Nimeishi na mwanamke huyu miaka yangu yote na hajawahi kuniomba kitu kwa macho namna ile.

"Huyo binti yetu," nikasema. "Ozella. Alikufa juu ya tuta."

"Jamani, Mama Tubbs. Sikujua kama mlikuwa na mtoto."

"Tulikuwa naye," Luvenia akasema.

Janelle akaitoa picha kwenye fremu ili kioo kisimeremete. Kadibodi ikadondoka. Mkono ukatokea.

"Angalia! Kuna mkono. Ni wako huu, Mama?"

Luvenia akaingiza mikono yake chini ya blanketi. Nami, nilipokwisha kuruka shimo la kwanza, nikaruka na la pili.

"Wake," nikasema.

Janelle alipoondoka, Luvenia aliomba picha. Aliishika kifuani, bila fremu, bila kadibodi. Akalia kidogo, kisha akaniambia, "Ezell, nipikie kambale." Hakuwa amekula vizuri kwa siku nyingi. Nikakaanga. Akala, akaomba na mkate wa mahindi, akaukosoa. "Umeuunguza chini."

"Basi kula juu."

"Wewe umenioa ili uniue kwa mikate."

Hakufika majira ya kuchipua. Kabla ya kufunga jeneza, msimamizi wa mazishi aliniuliza kama picha iliyo mikononi mwa Luvenia itolewe, kama watu wanavyotoa pete. Nikamwambia aiache. Niliona ni haki yake. Nililala usingizi usiku huo, naona aibu kusema.

Kitabu kilitoka. Kanisa zima walikinunua. Ozella yuko ukurasa mzima, peke yake, na maneno chini yake: Ozella Tubbs, aliyefariki juu ya tuta; hapa yuko mkononi mwa mama yake, Luvenia. Mchungaji alikiinua madhabahuni, watu wakasema amina. Walikuja kunishika mkono. Nikaupokea kila mmoja.

Agosti, Jumapili ile ya watu kurudi nyumbani kutoka kaskazini, nilikuwa nimekaa barazani baada ya ibada. Gari likasimama. Akashuka mwanamke mnene aliyepita makamo, kofia ya rangi ya parachichi, kitabu kwapani. Alipanda ngazi akishika goti.

"Wewe ndiye Mzee Tubbs?"

"Ndimi."

"Basi nimekuja unione. Imeandikwa humu kwamba nimekufa."

Nikadhani ni mzaha wa watu wa Chicago. Nikamwambia aketi.

"Sikai kwanza," akasema. Akafungua kitabu kwenye ile picha, akauweka mkono wake wa kulia juu ya ukurasa, kando ya ule mkono wa zamani. "Angalia kidole."

Kidole cha mwisho kwenye picha kimepinda kuelekea ndani, kama ndoano. Nilikuwa nimekiona siku Janelle alipoitoa picha, nikajifanya sikukiona. Chake kilikuwa hivyo hivyo.

"Mimi ni Arzula Kimbrough. Huo mkono ni wa mama yangu, Idabelle. Alikufa kabla hatujatoka kwenye mahema, shangazi akanibeba kwenda Chicago. Shangazi alikuwa ananiambia: ulipigwa picha, Arzula, kuna meli nyuma yako, na mama yako hakuwa na gauni la kupigia picha, kwa hiyo alijificha pembeni akakushika. Nimeambiwa picha hiyo maisha yangu yote. Juzi binamu yangu ananifungulia kitabu, nakutana na mimi mwenyewe. Marehemu!"

Akacheka, kisha akaacha kucheka.

"Iko wapi, baba? Picha yenyewe."

Sikuweza kumtazama. Nilitazama viatu vyangu.

"Imezikwa," nikasema. "Nilimpa mke wangu. Anayo mikononi."

Sasa akakaa. Kiti kikalia. Nikamweleza yote: kamba, Jumamosi, kadibodi, macho ya Luvenia, na neno nililolitoa. Sikumtupia marehemu hata chembe ya lawama. Luvenia alisema asante tu.

"Unaweza kuwaambia walifukue kaburi," nikasema. "Una haki."

"Mwache mtu alale!" akanikatiza. "Mimi nimfukue mwanamke aliyemuosha mama yangu tope? Umenionaje?" Kisha sauti ikashuka. "Sikuja kumchukua mtoto wako kitabuni. Mwache huyo Ozella. Lakini mkono, baba. Mama yangu sijui hata kaburi lake. Mkono ule ndio yeye mzima."

Nikakubali kwa kichwa.

"Ulimwona? Alipoleta picha, ulimwona?"

"Nilikuwepo. Nimekaa ngazini."

"Alikuwaje?"

Hapo ndipo nilipojua ninavyoweza kuwa mtu mbaya. Maneno mazuri yalikuja yenyewe. Ningeweza kumwambia alikuwa mzuri, alikuwa na macho kama yako, alikutaja jina. Angenibusu. Mdomo ulishaanza kufunguka.

"Nilikuwa nimetoka kwenye magunia," nikasema. "Nilikuwa navua viatu. Sikuinua macho. Niliona miguu. Alikuwa amevaa viatu vya kiume, vikubwa, amevifunga kwa kamba ya katani. Na alipoondoka niliona mgongo."

"Mgongo."

"Mgongo wake. Na sauti. Sauti ilikuwa na haraka kidogo, lakini ya upole. Alisema: iangalie vizuri, dada, nitaifuata Jumamosi."

Arzula alilirudia neno hilo polepole, mara mbili, kama mtu anayejifunza wimbo. Nitaifuata Jumamosi. Akatoa leso.

Jumatatu tulikwenda maktaba pamoja. Nilimwambia Janelle mbele ya mgeni. Uso ukamwiva.

"Mzee Tubbs, nilikuuliza."

"Uliniuliza."

"Watu wameshanunua."

"Najua, mwanangu."

Alisema filamu ya picha aliyoipiga ipo, Arzula atachapiwa picha safi, kubwa, mkono na yote. Na vitabu vilivyobaki, na vya watu wa kanisani watakaovirudisha, vinaweza kubandikwa kikaratasi juu ya maneno ya zamani. Akakaa kwenye mashine ya kuchapa, akamuuliza Arzula aandike nini.

"Arzula Kimbrough, mkononi mwa mama yake, Idabelle," Arzula akasema. "Halafu weka: picha iliyooshwa na kutunzwa na Luvenia Tubbs." Akanigeukia. "Na Ozella tumuweke mstari wa chini. Pana nafasi."

Nilitaka. Mungu anajua nilivyotaka.

"Ozella hayumo kwenye picha," nikasema. "Hakupigwa."

Janelle akangoja. Arzula akanitazama, kisha akamwashiria aendelee kuandika bila mstari ule.

Janelle alitaka kubandika mwenyewe. Nikamwambia hapana, kazi hii ni yangu. Wakanipa meza karibu na dirisha, brashi na gundi. Mikono yangu inatetemeka siku hizi, lakini nilimtazama mke wangu akifanya kazi na karatasi mbichi maisha yangu yote: unalaza, husugui, unaanza katikati unasukuma hewa nje. Nilianza na kitabu cha mchungaji. Jina la Ozella lilikuwa pale, kwa wino mweusi, limeandikwa vizuri. Nikaweka kikaratasi juu yake. Nikafungua kingine, nalo liko pale. Nikalifunika.

Shuleni sikukaa. Nasoma kwa kidole. Lakini jina lile halikuhitaji kidole, kila ukurasa lilinirukia lenyewe kabla sijaanza kulitafuta. Nilimzika mtoto wangu mchana kutwa. Na kila nilipomzika nilijua nampora mama yake, ambaye hawezi tena kugeuza kichwa juu ya mto akaniomba.

Arzula alikaa nami mpaka mwisho. Hakugusa kitu. Aliniletea chai baridi ya sukari, akaniambia maneno machache ya Chicago, theluji, na mume wake anayekoroma. Alipoondoka kesho yake na picha yake kwenye bahasha ngumu, alinishika mkono kwa mkono ule wenye kidole cha ndoano, akasema, "Baba, umefanya vizuri." Aliyefanya vizuri alikuwa Luvenia, tena kwenye beseni la maji baridi, kabla ya mimi kufungua mdomo.

Kitabu chetu cha nyumbani nilikiacha cha mwisho. Kipo kwenye meza ya kulia, chini ya msumari uliokuwa na fremu. Kikaratasi chake Janelle alinipa, kipo ndani, kwenye ukurasa ule ule. Kila nikila nakifungua. Gundi ninayo, iko kabatini pamoja na wanga wa Luvenia wa kunyooshea nguo.

Bado sijakibandika.