Bukta ya Mkwe Wangu

Nina mkwe mwanasoka, tena Mskoti, na kwa miaka karibu yote aliyocheza hapa Stockholm sikuwahi kumwona akigusa mpira. Watu wakisikia hivyo wanadhani tuligombana. Hatujagombana hata siku moja. Tatizo lilikuwa bukta.

Kwetu Uvira, mama mkwe na mkwe wanaheshimiana kwelikweli. Hatukumbatiani, hatuli sahani moja, na mama mkwe haangalii mapaja ya mume wa binti yake. Sasa nauliza: ni kazi gani inayomtoa mwanamume mapaja wazi mbele za watu kila wiki, na binti yangu akaenda kumpata huyohuyo? Kanisani kwetu hapa Hallunda kulikuwa na mafundi bomba, kulikuwa na madereva wa basi, vijana wazuri wenye suruali. Yeye akaniletea winga.

Mechi ya kwanza nilikwenda kwa kutojua. Ilikuwa mwanzo wa msimu, theluji bado imelundikwa kando ya uwanja, na mimi nikajiambia kwa baridi ile lazima watavaa suruali. Wakatoka mbio, yeye wa mbele kabisa, mweupe pee kuanzia soksi kwenda juu. Niligeuka palepale, nikatazama kibanda cha kahawa mpaka kipenga cha mwisho. Mzee mmoja Mswidi akaja kuniuliza kwa upole kama najisikia vibaya. Nikamjibu niko salama, naangalia mechi.

Wenzake wengi siku ile walivaa taiti ndefu chini ya bukta. Yeye hapana. Binti yangu alinieleza kwamba katika mji wa bandari alikokulia, ambako upepo wa bahari haupumziki, mchezaji anayevaa taiti huchekwa mpaka aombe kuhama timu. Kwake yeye taiti ilikuwa kama bukta kwangu: jambo lisilojadiliwa. Nilimheshimu kwa hilo, ingawa lilinitesa.

Basi soka yake nikaijua kwa masikio. Alianzia kwao, akauzwa Uingereza ambako benchi lilimzoea kuliko uwanja, akaja Uswidi kwa msimu mmoja tu, akakutana na binti yangu, na msimu ukawa maisha. Klabu zikazidi kuwa ndogo kadiri goti lilivyozidi kulalamika. Mwishowe akawa mwalimu wa michezo shuleni, na jioni winga wa timu ya mtaa. Nilikuwa naenda, msidhani siendi. Binti yangu aliketi ameelekea uwanjani, mimi ubavuni pake nimeelekea kibanda, naye akinitangazia kwa Kiswidi: amepokea, amemla chenga beki, amepiga krosi. Nilipiga makofi mahali panapostahili. Siku alipoonyeshwa kwenye televisheni binti yangu akaniambia televisheni haihesabiki. Nikamwambia mapaja ni mapaja. Hata pasta aliingilia, akasema Biblia haina neno lolote juu ya bukta. Nikamwambia na yeye ashike mahubiri yake.

Kisha goti likakataa kabisa, na mechi ya mwisho ikaangukia Jumamosi ya kiangazi. Siku chache kabla, binti yangu alikuja jikoni kwangu nikipika sombe, majani ya muhogo.

"Mama, Jumamosi anaomba uje."

"Mbona nakuyaka kila siku? Mechi gani nimekosa?"

"Men mamma!" akasema, maana akikasirika hukimbilia Kiswidi. Halafu akarudi kwenye Kiswahili ili nisijifanye sikusikia. "Anaomba umuone. Ile mama yake alikuwa anamuangaliaka kila mechi, hata mvua ikinyesha. Tangu alikufa, hakuna mama mwenye kumuangalia."

Niliukoroga ule mchuzi mpaka binti akaninyang'anya mwiko. Niliumia, sifichi. Kijana hana mama, anaomba macho yangu mara moja tu, tena kaomba kwa adabu, kwa kumtuma mkewe. Na mimi siwezi. Kama ningemvunjia heshima mkwe wangu siku ile, ile heshima ya miaka yote ingekuwa imekwenda wapi?

"Mwambie nitakuwa pale," nikasema. "Lakini miye na ile bukta, hapana."

Jumamosi jua lilikuwa linawaka, watu wanalamba aiskrimu hata kabla ya mechi. Nikaketi kama kawaida yangu, uso kwenye kibanda. Timu zilipotoka, nikasikia kicheko kikipita jukwaani, na wachezaji wenyewe wakipiga miluzi.

"Mama, geuka," binti yangu akasema.

"Siwezi."

"Geuka tu, mama. Pardon."

Sauti yake ilikuwa imebadilika, ndiyo maana nikageuka. Mkwe wangu alikuwa amesimama pembeni kulia, katika joto lile, amevaa taiti nyeusi mpaka kwenye vifundo vya miguu.

Niliitazama mechi nzima. Nitasema kweli: hakuwa mzuri kama nilivyotangaziwa. Alipoteza mpira wa kwanza, akapoteza na wa pili. Lakini kuna mara moja alimwacha beki amekaa chini, akapiga krosi safi, na hakukuwa na mtu. Nilisimama nikamfokea yule mshambuliaji, wewe ulikuwa wapi, mpaka mzee mmoja wa Kiswidi aliyeketi karibu akahamia kiti cha pili.

Walipomtoa, alikuja akichechemea hadi kwenye uzio. Akasimama mbali kidogo, panapofaa, akainamisha kichwa kama nilivyomfundisha. Uso ulikuwa mwekundu, jasho linamchuruzika hadi kidevuni.

"Joto, mkwe?" nikamuuliza.

"Hapana, mama," akasema kwa Kiswahili chake. "Leo kuna baridi kidogo."