Madawati Mia na Ishirini Yaliyolindwa na Baba

Walisema sitaandika barua ikasomeka maishani mwangu. Mwalimu mkuu alisema mwandiko wangu ni nyayo za kuku kwenye majivu. Mama Chilewa, jirani yetu pale mtaa wa Kikuyu, Dodoma, alisema hata uaskari kama wa baba yangu sitaupata, maana fomu ya kuombea kazi lazima mtu aweze kuisoma. Leo nina stashahada ya ununuzi na ugavi, nimefanya kazi Botswana miaka tisa, nimerudi Dodoma na karakana yangu ya samani, na hakuna aliyenishika mkono. Najisifu kwa sababu nimeyatafuta mwenyewe. Lakini kila nikinusa mbao iliyooza, huwa tena mtoto wa darasa la saba.

Harufu hiyo ilitoka kwenye bohari ya serikali nyuma ya nyumba yetu. Baba alikuwa koplo wa polisi wanaolinda majengo na mali za serikali, na zamu yake ya mchana ilikuwa hapo. Ndani kulikuwa na madawati mia moja na ishirini, kila moja na namba nyeupe ubavuni, yakisubiri kibali cha kugawiwa shule. Shule yetu ilikuwa ng'ambo ya uzio. Tuliketi sakafuni tukaandika juu ya mapaja, vumbi la Dodoma likitukwaruza puani, huku madawati yakionekana dirishani. Mvua zilikuwa zimeingia kupitia paa, popo wamehamia, na uvundo wa mbao na mavi yao ulitufuata hadi kwenye uji. Mtihani wa mwisho ulikuwa karibu. Majibu niliyajua, ila msahihishaji asingeyasoma, na kwetu aliyefeli alirudi kuchunga mbuzi wa babu.

Nilimwomba baba dawati moja tu, kwa miezi miwili.

"Hilo ni la serikali," alisema, akipaka kiatu dawa.

"Na mimi je, Baba?"

"Wewe ni wa mama yako. Nenda kachote maji."

Basi nikaanza kuazima. Mama Chilewa aliniazima ungo niandikie juu yake: "Usije ukautoboa kwa huo mwandiko wako, nina uwele wa kupepeta." Mzee Masinga, fundi viatu, aliniazima ubao wake wa kukatia ngozi kila Jumapili. Siku za kazi, baba mwenyewe aliniwekea mapajani daftari lake la makabidhiano ya zamu, lenye jalada gumu. Siku moja nililifungua. Kila ukurasa, kwa mwandiko mzuri kuliko wa mwalimu yeyote: "Madawati 120. Yapo."

Wiki moja kabla ya mtihani, kibali kilifika. Darasa la saba tuliitwa kubeba. Baba alifungua kufuli akasimama wima. Nilikuwa wa kwanza kuingia. Nikashika dawati namba kumi na nne, na mkononi nikabaki na ubavu wenye namba. Lililosalia lilimwagika miguuni pangu kama pumba, mchwa wakitambaa ndani yake. Rangi peke yake ndiyo iliyowashinda.

"Koplo, hivi ni vitu gani?" aliuliza afisa aliyeleta kibali, akiziba pua.

"Madawati, afande. Namba zote zipo."

Baba akazisoma mlangoni, moja hadi mia na ishirini, akipekua vipande kwa fimbo. Afisa akasaini. Baba akasaini, akanitazama kwa fahari, maana katika zamu zake haukuwahi kupotea hata msumari. Mimi nilitapika hapo hapo mlangoni. Mchwa hawakunitapisha, ilikuwa ile fahari.

Mtihani niliufanya juu ya lile jalada la daftari la zamu, baada ya kumwambia baba alifute vumbi. Nilifaulu.

Siku hizi napita mbele ya majengo mapya ya serikali, vioo vitupu, askari getini wamenyooka kama baba. Najiuliza kinachooza ndani kimeandikwa "kipo" mara ngapi.

Niliporudi kutoka Botswana nililipa kila aliyeniazima. Mama Chilewa nilimpelekea meza, akaipapasa akasema, "Kumbe yule kuku wa mwalimu amejua kuchonga." Mzee Masinga, benchi la kazi. Wa mwisho alikuwa baba, mstaafu sasa. Nilimshushia dawati la mninga, kazi ya mikono yangu. Alilizunguka, akachuchumaa, akapitisha kiganja ubavuni.

"Namba yake iko wapi?"

"Haina namba, Baba. Ni lako. Keti."

Alivuta kigoda chake, akakiweka kati ya dawati na mlango, akaketi akitazama nje.