Jirani Walipoacha Kulima, Nikakimbilia kwa Balozi

Nimekosa mimi! Sitasema shetani alinipitia, maana siku ile shetani hakuwepo. Nilijifunga kanga yangu vizuri, nikafunga mlango, nikaenda kwa balozi wetu wa nyumba kumi kwa miguu yangu mwenyewe, nikamchongea mtu asiye na kosa. Jina langu msilitafute. Naishi Mpanda, na hapa Mpanda wanaoijua habari hii nusu nusu wapo wengi. Leo naisema nzima.

Mume wangu alikuwa askari. Nitamwita Baba Tausi, ingawa hata jina la mtoto wetu nimelibadilisha. Siku alipoondoka aliniambia anakwenda kozi Tabora. Sawa, askari kwenda kozi si ajabu. Lakini kozi gani hiyo mtu anabeba vyandarua viwili? Kozi gani mtu anamchukua mtoto mgongoni mpaka njia panda, anamshusha, anaondoka, halafu anarudi tena kumshika kichwa?

Nilimuuliza. Akaniangalia kama mtu anayetaka kusema kitu, akakimeza.

"Mama Tausi, maswali mengine yaache. Watu wakikuuliza, waambie niko Tabora."

Jamani, mimi nina ugonjwa wa kushuku, tena nimezaliwa nao! Kwanza nilishuku kuna mwanamke huko Tabora. Nikamtuma binamu yangu anayefanya kazi reli aniulizie taratibu kwa wale wanaouza chakula karibu na kambi. Akarudi akaniambia hakuna kozi yoyote. Nikalia, nikamtukana mume wangu peke yangu jikoni, nikamtukana na huyo mwanamke ambaye hata sikumjua.

Kumbe hapakuwa na mwanamke. Soko la Makanyagio ndilo lililonifumbua macho. Watu walikuwa wananong'ona kwamba vijana wetu wamevushwa ziwa, wako Zaire, ile iliyokuwa imeanza kuitwa Kongo, wanalifundisha jeshi la serikali rafiki. Wengine walisema kufundisha ni jina tu, na kwamba huko wanapigana.

"Rafiki akiwa na shida unamsaidia," alisema mama mmoja wa nyanya. "Hata wao walishatufaa."

"Walitufaa lini?" akamjibu mwenzake. "Wale wanauana kwa ajili ya madini. Sisi tunatafuta nini kule? Watoto wetu wakifa tutaambiwa?"

Mara akapita mwanaume mmoja mwenye viatu vilivyong'aa, ambaye hakuna aliyemfahamu. Wote wakadhani ni mtu wa usalama, wakaanza kupanga nyanya upya. Ndivyo tulivyoishi miezi ile. Redio ilikuwa inatangaza mbolea na mpira, na kuhusu askari wetu haikusema neno. Mimi nikawa namshuku kila mtu mwenye viatu vizuri, na kila mtu mwenye lafudhi ya ng'ambo.

Sasa niwaambie habari za Mzee Bukuru.

Tulikuwa na shamba Misunkumilo, na Bukuru tulipakana naye. Alikuwa Mrundi, alikimbia vita vya kwao zamani akiwa kijana, akawekwa kwenye makazi ya wakimbizi pamoja na wenzake wengi. Baadaye alitoka huko kimya kimya na mkewe, Mama Esteri, na watoto wao, wakaja kukaa karibu na mji. Baba Tausi ndiye aliyemkatia kipande cha shamba letu alime. Walipendana hao! Bukuru alimwita "mdogo wangu", mimi akaniita shemeji. Mkimbizi akitoka kwenye makazi alitakiwa awe na kibali, na Bukuru hakuwa nacho. Siri hiyo mume wangu aliniambia tukiwa wawili tu, akaniapisha.

Mvua za mwaka ule zilianza vizuri. Misunkumilo yote ilikuwa shambani, mpaka walevi walikuwa wamekumbuka majembe yao. Asubuhi moja nikafika shambani, kwa Bukuru kimya. Majembe yameegemezwa ukutani. Mzee amekaa kwenye kigoda, mikono juu ya magoti. Nikasema labda anaumwa. Kesho yake hivyo hivyo, na keshokutwa pia.

Mnalielewa jambo hili nyie wakulima? Mvua inanyesha, mbegu ziko ndani, watu wazima wenye afya wamekaa! Na redio yao, ambayo kila siku ilikuwa inapiga kelele mpaka inaudhi, imezimwa.

Hata sisi hatulimi siku ya maziko. Lakini kwenye maziko kuna kilio, kuna watu, kuna sufuria kubwa jikoni. Kwa Bukuru hapakuwa na kilio. Wageni wawili watatu wa kwao walikuja, wakakaa, wakaongea Kirundi kwa sauti ya chini. Nilipokaribia, wakanyamaza wote pamoja. Mama Esteri, mwanamke wa kucheka hovyo yule, hakuniangalia usoni.

Halafu akaanza kuniletea chakula! Kila siku bakuli la maharage na ndizi, limefunikwa vizuri. Ananipa, anasema, "Kula, Mama Tausi, upate nguvu," anaondoka haraka. Nguvu za nini? Nilikuwa sijamwambia kwamba naumwa. Nikashuku sumu. Nikawamwagia kuku, nikakaa nikiwatazama nione kama watakufa. Kuku wakala, wakapangusa midomo, wakaendelea na maisha yao. Hapo mtu mwenye akili angeona aibu. Mimi nikasema sumu hiyo labda ni ya watu tu.

Kichwani mwangu hesabu ilikuwa imekamilika. Hawa wanajua kitu. Wanajua vita vitavuka ziwa, ndiyo maana hawana haja ya kulima, wanajiandaa kuondoka. Pengine ndio wanaopeleka habari za askari wetu. Pengine wamemuuza mume wangu! Ona moyo wangu ulivyokuwa.

Siku iliyoharibu kila kitu nilimkuta Bukuru mchana kwenye njia ya stesheni, amevaa koti lake la kanisani, ana mfuko begani.

"Shemeji, safari ya wapi?"

Akashtuka. "Ugalla. Nafuata asali kidogo."

Ugalla anakaa baba mkwe wangu, mrina asali wa siku nyingi. Nimeolewa kwenye nyumba ya asali, mimi. Najua miezi ambayo mizinga huvunwa na miezi ambayo mtu mwenye akili huwaacha nyuki wale wenyewe. Ule haukuwa mwezi wa kufuata asali.

Nilimtakia safari njema, nikatabasamu kabisa. Kisha nikaenda kwa balozi.

"Umeona silaha?" balozi akaniuliza.

"Sijaona."

"Umesikia wanasema nini?"

"Wanaongea Kirundi, nitasikia nini?"

"Sasa Mama Tausi, umeona nini?"

"Nimeona watu hawalimi mvua ikinyesha! Nimeona mtu anakwenda kufuata asali mwezi usio wa asali! Huyo yuko stesheni sasa hivi, akipanda treni mtajuta nyie."

Balozi alikuna kichwa. Hakuwa mtu mbaya, na nadhani hakuniamini sana. Akauliza tu, kama mtu anayetaka kumaliza mazungumzo, "Kibali anacho?"

Hapo ndipo ningeweza kunyamaza. Ningesema sijui, nirudi nyumbani. Lakini niliifungua ile siri niliyoapishwa, nikamwambia, "Hana. Hajawahi kuwa nacho."

Mgambo wakamkuta jukwaani anasubiri treni. Nilikuwa nimewafuata, nikajifanya nanunua karanga. Wakamuuliza karatasi, akashika mifuko ambayo alijua haina kitu. Walipoanza kumvuta aliniona.

"Shemeji! Waambie! Waambie unanijua!"

Nikainamia karanga. Mwenzangu unayesoma, mimi niliinamia karanga, nikaanza kuuliza bei!

Siku chache baadaye lori likaja kuchukua mke na watoto. Nilikwenda kuangalia. Nilijiambia nakwenda kuaga, lakini ukweli ni kwamba nilitaka kuona watakachobeba, kama kuna bunduki. Walibeba sufuria, magodoro, na mbegu zao za mahindi kwenye gunia.

Mama Esteri aliponiona aliacha kupakia, akanishika mikono yote miwili.

"Mama Tausi, haya siyo maneno yangu kukuambia. Kwetu na kwenu ni sawa, habari kama hii mwanamke haambiwi na jirani tu barabarani. Inaletwa na wazee wa kwake, unakalishwa chini. Bukuru alikuwa anamfuata baba mkwe wako Ugalla, aje akuambie yeye."

"Aniambie nini?"

"Mume wako hayupo tena. Alifia kule ng'ambo."

Nilimcheka. Ndiyo, nilicheka! Nikamwambia mume wangu yuko Tabora.

"Shemeji yetu anauza dagaa Karema," akaendelea, machozi yanamtoka. "Alikutana na askari aliyerudishwa mgonjwa. Askari huyo alikuwepo wanamzika. Shemeji yetu akaja kumwambia Bukuru mpaka mahali kaburi lilipo. Mimi sikuambiwa, hayo waliongea wanaume. Sisi kwetu mtu wetu akifa hatugusi jembe mpaka siku zake ziishe. Tulikuwa tunamlilia mume wako, Mama Tausi. Tulilia kimya kwa sababu wewe mwenye msiba ulikuwa hujaambiwa."

Na chakula kilikuwa chakula cha mfiwa. Mungu wangu!

Dereva akapiga honi. Mama Esteri akapanda, kisha akainama kutoka juu ya lori.

"Mama Tausi, wewe una masikio mjini. Nani amemchongea mume wangu?"

Nikasema, "Sijui."

Lori likaondoka. Nilikaa chini pale pale kwenye tope, na watu wakadhani nawalilia majirani.

Nilikwenda Ugalla mwenyewe kumwambia baba mkwe. Mzee alinisikiliza mpaka mwisho, akaniuliza habari nimeipata kwa nani. Nikamwambia kwa Warundi. Akasema basi angependa kumwona huyo aliyekuwa anamfuata, wazungumze kiume, ajue mwanawe amelala wapi.

Baadaye sana wakaja watu wa kazini kwa mume wangu. Wakasema alifariki kwa maradhi akiwa kazini na kwamba maziko yalishafanyika. Nikauliza wapi. Mkubwa wao akasema hilo hana ruhusa ya kulisema. Hata nchi hakuitaja. Nilitaka kumkaba, lakini nikakumbuka kwamba yuko mtu aliyekuwa tayari kuniambia bila ruhusa ya mtu yeyote, na nilimfanya nini.

Nikaenda kwenye ofisi iliyomshughulikia Bukuru, nikasema nilimsingizia. Karani akaniambia kwa upole kabisa, "Mama, hukumsingizia. Hakuwa na kibali kweli." Nikauliza wamempeleka wapi. Akasema kambi moja huko Kigoma, na kwamba kuna waliovushwa mpaka kurudi kwao. Nikatuma salamu kwa kila aliyekwenda Kigoma. Hakuna jibu mpaka leo.

Nikaenda Karema kumtafuta yule muuza dagaa. Niliuliza kila mwalo wanakoshusha samaki, kila kibanda. Watu wa kwao waliniangalia, wakaangalia viatu vyangu, wakasema hawajawahi kumsikia. Mwanamke mmoja aliyekuwa anaanika dagaa aliniuliza, "Wewe nani amekutuma?" Nikaapa hakuna aliyenituma, na akaendelea kuanika. Walinishuku! Na walikuwa na haki.

Kipande walichoanza kukitifua Bukuru na mkewe nililima mimi msimu ule. Nikavuna mahindi, nikala na mwanangu. Kila mtu alisema mjane anajitahidi.

Sasa naambiwa vita vimewaka upya kule ng'ambo, na kila rafiki wa huyu na rafiki wa yule amepeleka jeshi. Pale sokoni naona macho yanaanza tena. Ndugu zangu, tahadharini! Ukimshuku jirani, nenda kwake. Kaa kwenye kigoda chake, muulize kuna nini. Akikuficha, rudi kesho umuulize tena. Kwa balozi utapata mgambo tu, na maneno ukishayatoa pale, hayarudi hata ukiyafuata ukiwa unalia.

Juzi alikuja kwangu mama mmoja wa mtaa wa pili. Mumewe hajarudi kutoka "kozi", na jirani yake Mrundi anaongea na wageni kwa sauti ya chini. Alitaka nimsindikize kwa balozi, kwa sababu mimi, eti, nasifika kwa kuwajua watu hawa. Nilifunga mlango, nikamkalisha, nikamweleza yote haya kama nilivyowaeleza nyie, mpaka zile karanga. Hakuniambia pole, wala hakunilaumu. Aliniuliza tu, "Kwa hiyo dada, mumeo kazikwa wapi?"

Nikamwambia sijui, na safari hii nilikuwa nasema kweli.