Sura ya Mama Itatosha

Shirika lililochapisha kitabu changu lina vyumba viwili nyuma ya duka la saruji mjini Lodwar. Mwenyewe ni mama wa Kiturkana aliyeacha kufundisha chuo kikuu Nairobi, akarudi kwao kuchapisha vitabu vya utafiti. Hana mfadhili wala mkubwa ng'ambo wa kumwambia afanye hivi au vile. Miswada huipeleka kwa wahakiki wa Kampala na Eldoret, na maoni yao huyasoma akiwa amevua viatu kwa sababu ya joto. Namshukuru Mungu kwa ajili yake, na sioni haya kulisema hilo.

Mimi ni Mkongo, mwalimu katika kambi ya Kakuma. Kitabu changu kinahusu Kiswahili cha sokoni pale kambini, kwa jinsi kila mtu anavyokuja nacho kutoka kwao. Sura ya tatu ni mama yangu mzazi. Anauza maandazi, na kila asubuhi hubishana bei na mama mmoja wa Kiturkana anayemletea makaa. Niliyarekodi mabishano yao, nikayaandika neno kwa neno. Mama aliwatangazia wenzake wote kanisani kwamba maneno yake yataingia kitabuni.

Wachapishaji wa kwanza, wa ng'ambo, walikubali kitabu kwa sharti moja: sura ya tatu iondoke. Walisema ni hadithi, si utafiti. Nilikasirika hata nikashindwa kula. Sikuona kitabu hicho kingekuwa nini bila mama, na zaidi ya hapo sikujua ningemwambia nini. Ndipo nikaupeleka mswada Lodwar.

Baada ya wahakiki kumaliza kazi yao, yule mama mchapishaji alinipigia simu. Mtandao ulikuwa unakatakata. Mimi nikiwa na hofu, Kiswahili cha shule hunikimbia, nabaki na cha nyumbani. Nikamuuliza, "Dada, ile sura ya mama, mutatosha?"

"Itatosha!" akajibu kwa furaha. "Itatosha kabisa, usijali."

Simu ikakatika. Nikaketi chini.

Kwetu Kongo, kutosha ni kutoa. Ukiambiwa utoshe sufuria motoni, unaitoa. Kwa hiyo nilichosikia ni kwamba hata huyu, mtu wetu, mweusi kama mimi, angemtoa mama yangu kitabuni, tena kwa kicheko. Wale wa ng'ambo waliniudhi. Huyu aliniumiza.

Mama aliponiuliza habari za kitabu nilimwambia wanaendelea nacho. Kesho yake nikaenda Lodwar kuudai mswada wangu.

Nilimkuta mezani na kalamu nyekundu. "Ejok, mwalimu!" akanisalimu. Sikuitikia.

"Nirudishie kitabu yangu," nikamwambia. "Sitaki mumutoshe mama yangu."

Akanitazama kama mtu aliyeulizwa swali la mtihani. "Lakini mama yako anatosha. Si nilikuambia? Wahakiki wote wawili wamesema hiyo sura ndiyo roho ya kitabu."

"Uliniambia itatosha."

"Ndiyo. Itatosha."

Akaiweka kalamu mezani. Kisha akauvuta mswada, akafungua sura ya pili, akaanza kunisomea polepole kwa sauti ya darasani. Ulikuwa ukurasa wangu mwenyewe, ambamo nilieleza kwa mifano jinsi neno kutosha linavyoweza kuwagombanisha Mkongo na Mkenya wanaotakiana mema. Hakumaliza. Alicheka mpaka akafuta machozi kwa leso, nami nikacheka pamoja naye, ingawa machozi yangu hayakuwa yote ya kicheko. Mtaalamu mzima nilikuwa nimenaswa na mtego niliouchora mwenyewe.

"Sasa nyinyi," akaniuliza, "kitu ikiwa ya kutosha mnasemaje?"

"Inaenea."

Akalirudia neno hilo mara kadhaa, akaliandika pembeni mwa ukurasa. Halafu tukakaa tukasahihisha sura ya mama mstari kwa mstari. Hakugusa neno lake hata moja. Aliponibana ni kwenye maelezo yangu mimi, na alinibana kwelikweli, nami nilifurahi. Sikulazimika kumweleza kwamba Kakuma kuna watu wanaoishi, wanaodaiana na kutaniana. Hilo alilijua.

Kitabu kilipotoka alikileta mwenyewe Kakuma. Alimkuta mama kwenye karai la mafuta, na yule muuza makaa ameketi kando yake. Mama alipangusa mikono kwenye kitenge, akakipokea, nikamfungulia sura ya tatu. Nilimsomea kwa sauti pale penye bei ya makaa. Muuza makaa akaanza upya kubishana, akisema siku ile alipunjwa, na mama akamwambia angoje kitabu kiishe kusomwa.

Nilipomaliza, mchapishaji aliinama karibu na mama. Nikaona midomo yake inalitafuta lile neno kwanza, kwa uangalifu, asije akakosea.

"Mama," akamuuliza, "kitabu inaenea?"

Mama akakifunga kitabu, akakiweka kifuani juu ya alama za unga, akamjibu kwa Kiswahili cha Lodwar.

"Inatosha, binti yangu."